Amana ya Nguo Arobaini

Wenzangu wadogo wa chumba cha mavazi, mmenishinda. Tangu nistaafu haipiti wiki bila mmoja wenu kunipigia simu na kuuliza, "Bi Mwanajuma, utaandika lini?" Basi naandika. Anayetaka kujua nilipandishwa cheo mwaka gani au nililipwa kiasi gani, afunge daftari hili akapike. Mambo hayo hayajamfundisha mtu yeyote kutia kifungo. Nitaeleza kazi nilivyoianza na mtu aliyenifunza. Nitaeleza pia kosa nililolifanya Guangzhou, ambalo naamini Mtaliano asingeweza kulifanya, wala Mchina. Lilitaka mtu wa kwetu.

Ndugu zangu wa Tanga hadi leo hawaamini kwamba kazi niliyoifanya Roma ni kazi. Kila nikirudi likizo, shangazi yangu alikuwa ananitambulisha kwa wageni, "Huyu ndiye yule anayelipwa kuharibu nguo." Hakukosea sana. Katika filamu nguo zote hushonwa mpya, lakini mpagazi wa kwenye hadithi shati lake analo mwaka wa tano. Lazima awepo mtu wa kulichukua shati lililotoka kwenye cherehani asubuhi na kulifanya la miaka mitano kabla ya jioni. Mtu huyo nilikuwa mimi. Nilifika Italia nikiwa yaya wa familia ya mhandisi wa barabara, watoto wakakua, yaya akabaki na cherehani, na jirani mmoja akanipeleka kwenye karakana ya mavazi ya filamu iliyokuwa ikitafuta mikono.

Mkuu wa chumba alikuwa Bi Ersilia, mwanamke mfupi mwenye aproni iliyokuwa na rangi zote isipokuwa ile iliyonunuliwa nayo. Jina langu lilimshinda mwanzo mwisho. Akalikata, akaniita Juma, na sikuwahi kumweleza kwamba kwetu Juma ni mwanamume. Siku ya kwanza alinipa shati jeupe jipya akaniambia nilizeeshe. Jambo dogo, nikasema moyoni. Nikalichana mkono, nikalipaka tope la uani, nikalikanyaga kanyaga, kisha nikampelekea nikisubiri sifa.

Alilinyoosha mezani. "Huyu bwana aliliwa na mbwa?"

"Hapana, signora. Ni maskini."

"Maskini anayefanya kazi gani?"

Nikaanza kulikung'uta tope.

"Basi nenda ukamtafutie kazi kwanza," akasema, "ndipo tumvalishe."

Somo hilo nimelifanyia kazi miaka yote iliyofuata, na nawakabidhi bure. Nguo haizeeki kwa uchafu, huzeeka kwa kazi ya mwenyewe. Mpagazi humwisha bega, na ni lile moja analobebea. Karani humwisha kiwiko. Mwenye kusali sana humwisha magoti, na mwenye kusali kwa kuonekana hayamwishi. Ukilipata hilo, vifaa ni vichache: msasa, burashi ya waya, nta ya nyuki, chai kavu iliyochemshwa hadi iwe nyeusi, na kikwaruzo cha jibini, ambacho Waitaliano walilia kuona kikitumiwa kwa jambo lisilo jibini. Mimi niliongeza kumbi la nazi, lile la kusugulia sufuria kwetu. Bi Ersilia alilichukua kwa vidole viwili kama ameletewa panya. Mwisho wa mwezi likawa lake, na nikitaka kulitumia naomba.

Sasa Guangzhou. Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya tisini. Kampuni iliyotuajiri ilikuwa inatengeneza filamu ya bandari ya zamani, na mwongozaji alitaka mto, majengo ya kale yenye baraza, na mabaharia na wachuuzi kutoka pwani zote. Mavazi yangeshonwa hukohuko, sisi tuyazeeshe. Meneja wa uzalishaji, Bwana Corrado, alikuwa mtu mwembamba aliyetembea na orodha mkononi hata akienda msalani. Alinipa kazi ya pili: nimtafutie Waafrika arobaini wa kusimama bandarini mbele ya kamera. Wafanyabiashara wetu Guangzhou walikuwa wachache siku hizo. Ili kufikisha arobaini ilinibidi nimchukue karibu kila niliyemkuta Xiaobei, mtaa wao wa biashara, Watanzania kwa Wakenya, pamoja na Wakongo wanne waliokuja kununua redio.

Kabla sijaendelea, niseme lililokuwa linanikosesha raha. Macho ya Bi Ersilia yalikuwa yanakwisha. Roma alianza kwa kunipa sindano nimtungie uzi, akisingizia taa. Kisha akaacha kusoma magazeti, akisingizia habari. Hakuna aliyeruhusiwa kulisema. Corrado naye alikuwa ameanza kumtaja fundi mmoja wa Milano mwenye bunduki ya kupulizia rangi, anayezeesha nguo arobaini kwa siku moja bila kuketi. Alishatuambia waziwazi: nguo za Guangzhou zikichelewa au zikikataliwa, fundi huyo ataitwa, na Bi Ersilia atarudishwa nyumbani kwa dada yake. "Kwa dada yangu," aliwahi kuniambia, "nitakuwa mtu wa kuletewa supu." Hakuwa na mume wala mtoto, alikuwa na ile meza tu. Nami nilimpenda, nalisema wazi kwa kuwa enzi hizo sikulisema.

Nguo zilishonwa na Bi Leung, mwenye duka la ushonaji karibu na Barabara ya Zhanqian, mwanamke ambaye mishono yake ungeweza kuitundika ukutani. Alizileta zikiwa zimebaki siku nane kabla ya kupiga picha. Siku ya pili alipita kwenye chumba tulichopangiwa chini ya hoteli, akanikuta nakwaruza kola ya shati lake kwa burashi ya waya. "Bu xing! Bu xing!" alipiga kelele, yaani haiwezekani kabisa, akaninyang'anya. Alidhani tumeona kasoro. Aliondoka na mashati sita, na kesho yake akayarudisha na kola mpya, mishono mara mbili, pamoja na mfuko wa machungwa ya kuomba radhi. Nilijaribu kumweleza kwa mikono. Nadhani alielewa kwamba Waitaliano ni wagonjwa.

Wakati huo Bi Ersilia alikuwa mezani kwake na msasa, anafanya kazi na kuimba. Nilipokwenda kukusanya alichomaliza, nilikuta mashati kumi na mawili yamesuguliwa vizuri sana, mabega na mikono, kila kitu mahali pake. Yote upande wa ndani.

Nilisimama nayo mkononi.  Niliyapeleka kwenye meza yangu nikayageuza, nikaanza upya. Lakini hesabu ilikuwa inanikataa: nguo arobaini na siku sita kwa jozi moja ya mikono. Hapo ndipo lilipokuja wazo ambalo hadi leo nasema lilikuwa zuri. Watu arobaini watakaozivaa wapo mjini na kazi yao ni kubeba mizigo tangu asubuhi. Kwa nini wasizivae sasa, zichakae zenyewe? Bi Ersilia alilipenda. "Mwili ndio fundi wa kwanza," akasema. "Sisi ni wasaidizi."

Nikazibeba nguo nikaenda Xiaobei kwa Mbarouk. Huyu alikuwa Mzanzibari, mfanyabiashara wa vitambaa, mtu wa makamo asiyetoka chumbani bila kofia yake ya viua, na Waswahili wote wa mtaa walimsikiliza. Nilimkuta anakunywa chai kati ya marobota, pamoja na Dada Upendo wa Moshi aliyekuwa ananunua nguo za watoto.

"Karibu, dada wa Tanga," akasema. "Ndiyo hizo sinema zenyewe? Huyo laobani, bosi wenu, hana nguo za heshima zaidi? Mimi nilitegemea koti."

"Wewe ni baharia, kaka Mbarouk."

"Baharia hana harusi?"

"Mimi nimepewa nini?" Upendo akauliza. Nikamwambia ni mchuuzi wa ndizi bandarini. Akacheka hadi akaweka kikombe chini. "Nimetoka Kilimanjaro nikapanda ndege hadi China, nije kuuza ndizi!"

Mkenya mmoja aliyekuwa mlangoni alishalijaribu shati lake. "Sista, hii kitu imenikaa poa. Naeza baki nayo?"

Nikawakusanya wote, nikawapa nguo, nikasema maneno ambayo nayakumbuka herufi kwa herufi, maana nimeyarudia mara nyingi usingizini. "Zivaeni siku nne mfululizo, mfanye nazo kazi zenu zote, kisha mniletee." Ningekomea hapo ningekuwa salama. Lakini mama yangu alinilea vizuri, na mtu aliyelelewa vizuri hampi mwenzake kitu na kuondoka kama anatupa takataka. Nikaongeza, "Na tafadhalini zitunzeni, hizi ni amana."

Ninyi mnaosoma mkiwa Waswahili mmeshajua kilichotokea. Mimi sikujua. Miaka kumi na minane ya Roma ilikuwa imenisahaulisha ya kwetu.

Siku nne nilifanya kazi za kofia na mikanda kwa raha zangu. Asubuhi ya siku ya tano wakaja, wamepanga mstari kwenye ukumbi wa hoteli, kila mtu na furushi lake. Mbarouk akatangulia. Alinikabidhi kwa mikono miwili, shati na suruali vimekunjwa kama vya Idi, na furushi lilipofunguka ukumbi mzima ulinukia udi. Alikuwa amezifukiza. Upendo alizishonea zake vifungo vipya; vya zamani, alisema, vilikuwa vimelegea. Vilikuwa vya plastiki, rangi ya waridi. Mkenya alipiga zake wanga, mkunjo wa suruali ungeweza kukata mkate. Mkongo mmoja, mtu wa mapambo, alipeleka suruali kwa fundi ikapunguzwa kiuno. Thelathini na tisa zilikuwa zimefuliwa na kupigwa pasi. Ya arobaini, juu ya hayo, ilikuwa imepakwa na manukato.

Nilijikalia kwenye robota. "Mlizivaa lakini?"

"Tulizivaa, dada," Upendo akasema. "Tumepanda nazo ngazi za Zhanqian na marobota hadi miguu imevimba. Ila kila tukirudi tunafua."

"Nani kawaambia mfue?"

Walitazamana. Mbarouk akanijibu taratibu, jinsi mtu mzima anavyomjibu mtoto aliyeuliza swali la aibu mbele za wageni. "Umesema amana. Sasa dada yangu, amana ya mtu tuirudishe na jasho letu?"

Mnielewe, sikuwa na la kumlaumu. Nguo ya kuazima hairudishwi chafu. Hata mlevi wa Tanga anajua. Mimi ndiye niliyekaa kwa watu hadi nikafikiri neno ni neno tu. Nililia, mbele yao wote, na walidhani nalia kwa shukrani, jambo lililofanya iwe mbaya zaidi. Kesho yake saa tatu Corrado angekuja kukagua. Nilienda kwa Bi Ersilia nikamwambia kila kitu, hata yale mashati kumi na mawili yalinitoka mdomoni nusu, nikayameza.

Hakukasirika. Aliomba aletewe shati, nikampa lile la manukato. Alilinusa kwanza, akacheka kwa pua. "Baharia huyu anaoa?" Kisha akaanza kupitisha vidole kwenye kola, polepole, akarudi, akapita tena. Akaomba la pili, la tatu. Akaacha kucheka.

"Wamefua na mashine?"

Nikamtafsiria Mbarouk, aliyekuwa amenifuata. "Mashine ya wapi?" akasema. "Kipande cha sabuni na sakafu ya bafu." Akamwonyesha: akashika kola kwa mikono miwili akafikicha kitambaa kwa kitambaa, kisha akapiga shati hewani mara mbili, pa, pa. Bi Ersilia alimshika mikono ilipokuwa inafikicha, akaifuata kama mtu anayejifunza ngoma. Mbarouk alinitazama juu ya kichwa cha yule mama. Naye pia alikuwa ameelewa kuhusu macho. Akaendelea kufikicha.

"Juma, weka vidole hapa," Bi Ersilia akaniambia. Nikaweka. Kola ilikuwa imelainika kwenye mkunjo, nyuzi zimeanza kufumka pale shingo inapogusa. Bega la kulia lilikuwa limekuwa jembamba, la kushoto bado. Rangi ilikuwa imepauka kwenye mishono tu, jambo ambalo kwa msasa huwa linanichukua nusu siku na bado linaonekana la msasa. "Miaka thelathini nawavalisha maskini uchafu," akasema. "Hivi ni nani alituambia maskini hawafui?"

Siku ile hatukupumzika. Wote arobaini walibaki. Tulifua bafuni, tukaanika juu ya paa la hoteli kwenye jua kali, tukafua tena. Nikatoa wanga. Nikang'oa vifungo vya waridi huku Upendo akinung'unika kwamba sina shukrani. Bi Ersilia alikaa katikati, akapitishiwa kila nguo, akaamua kwa vidole: hii tayari, hii irudi, hii kiwiko bado. Kwenye moja ya zile za kwanza kabisa vidole vyake vilisimama. "Hii haijavaliwa hata saa moja."

Ilikuwa ya Mbarouk. Alitazama ukuta. "Niliiweka kwenye nailoni," akakiri. "Niliona ni nzuri." Akatumwa kupanda na kushuka ngazi za hoteli na robota begani hadi alasiri, na kila akipita Wakongo walimpigia makofi.

Kesho yake saa tatu Corrado akaingia na orodha yake. Nguo zilikuwa zimetundikwa, watu wamejipanga pembeni, hata Bi Leung alikuja kuona wagonjwa wake wanaendeleaje. Corrado alishika shati moja, akalisogeza kwenye dirisha. Sikupenda uso wake.

"Bi Ersilia, hizi ni safi."

"Ndiyo."

"Nilitaka nguo za bandarini."

"Ndizo hizo. Za watu wa bandarini wenye mama zao." Hakuinuka kitini. "Mpelekee mwongozaji. Akikataa, mpigie simu mtu wako wa Milano, nami nitafunga sanduku bila kelele."

Alichukua mbili akaondoka. Mwongozaji alikuwa ghorofa ya juu, na dakika zile kumi zilikuwa ndefu kuliko safari ya ndege. Upendo alikuwa anasali kwa sauti ndogo, Mbarouk naye kwa yake, kila mmoja kwa namna ya kwao, wakiombea mashati. Mimi nilijificha nyuma ya kiti cha Bi Ersilia ili asione uso wangu, kisha nikakumbuka hataona.

Corrado alirudi bila mashati. "Anazitaka hivihivi," akasema. "Kasema kwa mara ya kwanza hizi zinaonekana za watu, si za sinema." Akatoa karatasi kwenye orodha, akaiweka mezani mbele ya Bi Ersilia. Ilikuwa kazi inayofuata, filamu nyingine ya kampuni ileile, Italia, majira ya baridi. Akisaini, meza ni yake. "Soma, kama unakubali utie sahihi."

Bi Ersilia aliichukua. Aliitazama kwa muda uleule ambao mtu angetumia kusoma. Akaomba kalamu, akasaini vizuri, kwa madaha, jina lake lote. Karatasi ilikuwa kichwa chini. Alisaini juu ya anwani ya kampuni.

Kila mtu aliiona. Hata Wakongo. 

Mbarouk akasogea, akaigeuza ile karatasi kwa kidole kimoja, akasema kwa Kiswahili akitabasamu, "Msishangae, bi mkubwa anaanzia kwingine kama sisi tunavyosoma Kurani chuoni, kutoka kulia." Wetu wakacheka, kicheko kikubwa cha kusaidia. Bi Leung akacheka kwa kuwa wengine wanacheka. Bi Ersilia alikuwa ameganda, kalamu bado iko mkononi.

Corrado hakucheka. Alimtazama yule mama, akatazama nguo arobaini, akanitazama mimi, nami sikuinamisha macho. Kisha akavuta kiti, jambo ambalo sikuwahi kumwona akilifanya, akaketi karibu naye, akachukua karatasi na kuanza kumsomea, mstari baada ya mstari, kwa sauti kubwa iliyofika barabarani: "MAKOTI THELATHINI! YA WAFUNGWA! SUFU YA KIJIVU!"

Bi Ersilia alimwacha hadi mwisho wa mstari wa tatu. Akaweka kalamu chini.

"Corrado," akasema, "mimi ni kipofu. Si kiziwi."

Ilikuwa mara ya kwanza neno hilo kutoka kinywani mwake. Corrado akapunguza sauti, akasogeza kiti chake karibu zaidi, akaendelea kusoma.